Mwenye Chemchemi ya Kisegese

Honi ililia kwanza, ndefu, ikafuatwa na nyingine fupi, na kijiji chote cha Lukwele kikanyamaza. Ukungu ulikuwa umeufunika mlima hadi miguuni. Hakuna aliyeona mtambo wala mtu. Mbuzi waliacha kutafuna. Kisha ardhi ikazigonga nyayo za watu kutoka chini, na mlipuko ukaja nyuma yake, mzito, ukapita juu ya mabati ukiyatetemesha, ukagonga ng'ambo ya bonde na kurudi. Mwisho yakasikika mawe. Hayo ndiyo Kondo aliyoyachukia kuliko mlipuko wenyewe: mawe yakibingirika korongoni na kuvunja migomba, moja baada ya jingine, bila haraka, kama mgeni anayepekua nyumba ya watu.

"Wanakuamkia, mume wangu," sauti ilisema nyuma yake. "Waitikie basi. Sema marahaba."

Alikuwa Raya, binti wa shangazi yake, na kwao binamu ni mtu wa kutaniwa tangu asubuhi. Alitua ndoo aliyotoka kuiteka na kumwonyesha. Maji yalikuwa na rangi ya chai ya maziwa.

"Chai tayari. Bado sukari tu."

"Raya, niache leo."

"Nikuache nani akuchukue? Kesho unakwenda mahakamani na uso huo? Jaji atadhani wewe ndiye mshtakiwa."

Kondo hakucheka. Tangu kampuni ya kokoto ipandishe mitambo yake juu ya mlima wa Kisegese alikuwa hawezi kukaa. Akikaa anasimama, akisimama anatembea, akitembea anajikuta ukingoni mwa korongo akitazama chemchemi. Ilitoka chini ya msitu mdogo ambao tangu enzi na enzi hakuna aliyekata humo hata fito. Maji yake yalinywesha kijiji, yakalea iliki na pilipili manga kwenye miteremko, kisha yakashuka kujiunga na mto unaonywesha miji ya mabondeni. Sasa msitu ulikuwa umevaa vumbi jeupe, na kila wiki ukingo wa machimbo ulisogea.

Kibali kilikuwepo, chenye muhuri wa kijiji na muhuri wa wilaya. Kilisema wananchi wa Lukwele walikaa mkutano mkuu wakakubali. Hakuna mwananchi aliyekumbuka kukaa. Alipoulizwa, mwenyekiti wa kijiji, Halidi, alijibu kwamba mkutano ulikuwepo ila watu walikuwa mashambani. Kondo akaanza kushuka na kupanda. Kata ikamtuma wilayani. Wilayani wakamtuma kwa watu wa maji. Watu wa maji wakamtuma kwa watu wa madini. Watu wa madini wakamwuliza, kwa upole kabisa, kama alikwisha kupita kijijini kwake.

Hapo ndipo alipokwenda mjini Morogoro, kwenye ofisi ya msaada wa kisheria, akakutana na wakili Rahel. Alikuwa mwanamke mfupi mwenye sauti ya kukata, mzaliwa wa Moshi. Alimsikiliza hadi mwisho, kitu ambacho hakuna aliyewahi kumfanyia, kisha akauliza: "Shamba lenye chemchemi ni la nani?"

"La marehemu baba," Kondo alijibu. "Sasa ni langu."

Rahel akaandika, na kesi dhidi ya serikali ikafunguliwa kwa jina la Kondo. Kwao Moshi kihamba, shamba la nyumbani, la baba huwa la mwana, na hakuona la kuuliza zaidi. Kondo naye hakuona la kuongeza. Alikuwa amezaliwa kwenye shamba lile, amepanda iliki kwa mikono yake, mwanawe wa kwanza alikuwa amejifunza kutembea kati ya miche. Kama hilo si shamba lake, lake ni lipi?

Kila Mluguru angeweza kumjibu. Lakini kule ofisini Mluguru alikuwa yeye peke yake.

*

Jioni ile Raya alirudi, na safari hii hakuwa na utani.

"Geofrey yuko kwetu," alisema. "Yule msemaji wa kampuni. Amekaa kibarazani na mama."

Kondo alifika akihema. Geofrey alikuwa ameketi kwenye kigoda, viatu vyake vizuri vimejaa vumbi, anazungumza kwa adabu kama mkwe. Shangazi Mwanahawa alikuwa akimenya mihogo, hakumtazama.

"Mama, sisi hatukuja kukuomba uongo," Geofrey alikuwa akisema. "Uongo ni dhambi. Tunakuomba ukweli. Kesho wakikuuliza shamba ni la nani, sema ukweli wako. Basi."

Alipomwona Kondo akasimama, akajipangusa suruali, akaaga.

"Shikamoo shangazi. Alitaka nini huyu?"

"Marahaba. Si umemsikia? Anataka ukweli." Alitupa muhogo kwenye sufuria. "Kanionyesha karatasi ya kesi, Raya kanisomea. Kondo, umeandika shamba ni lako?"

"Mahakama inataka jina la mtu, shangazi. Haitaki hadithi."

"Mimi si mtu?"

Kondo aliketi, akasimama. Alieleza haraka haraka: kwamba hakuwa na nia mbaya, kwamba kesi imekwisha kufika mbali, kwamba kesho kunasikilizwa ushahidi pamoja na ombi la kuzuia milipuko, kwamba yeye shangazi ni shahidi wake. "Kesho tu. Sema ni la Kondo. Tukishinda, tutayamaliza hapa nyumbani."

"Baba yako alikuwa na shamba?"

"Shangazi..."

"Kaka yangu alilima. Alilima vizuri, Mungu amrehemu. Lakini shamba ni la lukolo letu, la tumbo la mama yetu. Linatoka kwa mwanamke linakwenda kwa mwanamke. Wewe ni mtoto wa mwanamume wetu. Lima, kula, jenga, nani amekukataza? Ukoo wako wewe uko kwa mama yako, na wa mwanao uko kwa mkeo Furaha, kwao Gairo. Sasa jaji akiandika ni lako, wewe ukifa litakwenda wapi?"

"Sifi kesho."

"Jaji akiandika, ameandika. Mbona bonde la pili yule kijana alisema hivyo hivyo, tutayamaliza nyumbani? Leo shamba la mama zake lina geti na mbwa wa mtu wa Dar es Salaam."

"Kwa hiyo bora walipasue hawa?"

Shangazi alishika kisu bila kumenya. Kwa mara ya kwanza sauti yake ilishuka. "Kesho nitashika Msahafu, Kondo. Usinifundishe la kusema."

Usiku ule Kondo hakulala. Furaha alimwambia alale, akajibu amelala.

*

Asubuhi walishuka hadi Mkuyuni na kupanda lori la ndizi hadi mjini, shangazi mbele kwa dereva, Kondo na Raya juu ya mikungu. Kondo alitaka kumwambia Rahel kila kitu kabla ya kuingia. Walipofika Rahel alikuwa tayari amevaa joho lake jeusi, akauliza tu, "Shahidi wetu yuko sawa?" Kinywa chake Kondo kikajibu chenyewe: "Yuko sawa."

Alitoa ushahidi wa kwanza. Alisimama wima, alisema juu ya maji, vumbi, mihuri, mkutano ambao haukukaa, na watu waliokuwa nyuma walimsikiliza. Akaona anashinda. Kisha akanyanyuka Wakili wa Serikali, mtu mtaratibu mwenye miwani.

"Bwana Kondo, pole na safari. Shamba hili ulilipata wapi?"

"Kwa baba yangu."

"Naye?"

"Kwa... alilikuta."

"Alilikuta kwa nani?"

"Kwa mama yake."

"Bibi yako huyo alikuwa na mtoto mwingine?"

"Shangazi yangu."

"Yuko hai?"

"Yuko hapo nje, anasubiri."

Watu wakacheka. Kondo akaigeukia meza ya jaji. "Mheshimiwa Jaji, mbona haniulizi kibali? Aniulize nani alikaa kwenye huo mkutano! Aniulize nani alipima maji kabla ya kupasua! Anauliza ukoo wangu kama anayetaka kuoa!"

Wakacheka tena, ila safari hii pamoja naye. Jaji, mwanamke mwenye mvi chache, aliinua kalamu. "Bwana Kondo, jibu unachoulizwa. La kibali lina zamu yake."

Zamu hiyo haikufika. Shangazi Mwanahawa aliingia akiwa amejitanda khanga mpya juu ya baibui, akashika Msahafu, akaapa kwa sauti ya chini. Rahel alimwuliza kama anamfahamu mlalamikaji.

"Nimembeba mgongoni. Mzito toka utotoni, na mkaidi."

"Shamba la Kisegese ni la nani, mama?"

Alimtazama Kondo. Kondo alimtazama kwa macho yaliyoomba, na mara akayainamisha, kwa sababu alikwisha kulijua jibu.

"Ni la lukolo letu. Mimi ndiye ninayelishika, baada yangu atalishika binti yangu. Kondo analima kwa ruhusa yetu, na hatujajuta. Lake halijawa, na la baba yake halikuwa."

Rahel alibaki na mdomo wazi kidogo, kama mtu aliyekanyaga ngazi isiyokuwepo. Wakili wa Serikali alisema hana swali. Lakini shangazi hakushuka.

"Mimi nina swali," alisema. "Hawa wenye mihuri nao hawakuniuliza. Huyu mtoto mmemsumbua asubuhi nzima, shamba la nani, shamba la nani. Wao waliotoa mlima, nani amewauliza?"

Pale nyuma mtu mmoja akasema, "Eeh!" Jaji akaandika. Akaandika kwa muda mrefu.

Aliporudi baada ya mapumziko aliisoma amri yake taratibu. Mlalamikaji amekuja kama mwenye ardhi, na shahidi wake mwenyewe ameeleza kuwa siye. Kesi inaondolewa mahakamani, na ombi la zuio linakwenda nayo. Akavua miwani yake ya kusomea. "Mahakama haijasema kwamba kibali ni halali," aliongeza. "Mahakama imesema kwamba aliyebisha hodi siye aliyeibiwa. Aliyeibiwa mlango uko wazi kwake."

*

Nje, jua lilikuwa kali na milima ilionekana yote, bluu, kama haihusiki. Geofrey alimkuta shangazi kwenye ngazi na kumshika mkono kwa mikono yake miwili.

"Asante mama. Mungu akubariki kwa kusema kweli."

Shangazi aliurudisha mkono wake. "Usinishukuru. Kweli sikuisema kwa ajili yako. Na bado sijaimaliza."

Geofrey alitabasamu, akaenda kwenye gari lake huku simu ikiwa sikioni, na Kondo akamsikia akisema, "Endeleeni. Ndiyo, kesho hiyo hiyo."

Ndipo Kondo alipopasuka.

"Umewapa! Umewapa mlima kwa mdomo wako mwenyewe! Miaka yote mnasema Kisegese haikatwi fito, leo umeikata yote!"

"Punguza sauti, uko mahakamani," Rahel alisema.

"Mahakama ipi? Hawakusema kibali ni kizuri hata mara moja! Hata wakili wao hakuthubutu! Waliuliza mimi ni nani, basi, wakashinda!" Alizunguka, akarudi. "Sawa. Kesho nalala barabarani. Malori yapite juu yangu."

"Lala," Raya alisema. "Mimi nitakupikia pilau la arobaini. Utapenda nyama ya mbuzi au kuku?"

"Unanicheka, Raya?"

"Nakucheka ndiyo. Umetuficha kesi ya shamba letu, umekuja kuipoteza kwa niaba yetu, sasa unataka kufa tukulipie sanda."

Kondo alitoa mfukoni kitabu chake kidogo cha Katiba, kurasa zake zimelegea kwa kushikwa. "Ibara ya ishirini na saba. Kila mtu ana wajibu wa kulinda maliasili ya nchi. Kila mtu, Raya! Haisemi kila mwenye lukolo!"

"Endelea kusoma," Rahel alisema.

"Nimesoma."

"Hujafika kwenye nukta. Endelea."

Alisoma, sauti ikipungua kila neno, hadi mwisho wa sentensi, pale inaposema kwamba kila mtu anapaswa pia kuiheshimu mali ya mtu mwingine. Alikifunga kitabu. Ibara hiyo aliijua kwa moyo, ila nusu.

"Ungekuja kwangu kama raia anayelinda maji, ningeandika raia," Rahel alisema. "Ulikuja kama mwenye shamba. Na mimi nikakuamini kwa sababu nilifikiri kwenu ni kama kwetu. Nilipaswa kuuliza, sikuuliza. Kosa hilo ni langu." Aliweka mafaili yake juu ya ukuta mfupi wa ngazi. "Sasa nisikilizeni, maana amesema kesho. Kuishtaki serikali upya kunataka notisi, na notisi ni miezi mitatu."

"Miezi mitatu wamefika kwenye mizizi," Kondo alisema.

"Ndiyo maana kuna ombi la dharura, la kuwazuia wakati notisi inatembea. Naweza kuliandika mchana huu na kuliwasilisha kabla ofisi haijafungwa. Linataka kiapo cha mwenye ardhi. Mama na Raya wako hapa. Shida ni moja." Alimtazama Kondo. "Kwenye jalada la leo kuna kiapo chako kinachosema shamba ni lako. Wakili yule atakifungua mbele ya jaji, atasema ukoo wenyewe unagombana, wakamalizane kwao kwanza. Na atakuwa na haki. Kwa hiyo nataka kiapo cha pili, chako, kinachosema si lako, halijawahi kuwa lako, na hudai chochote. Ukikisaini hakirudi."

Mwuza machungwa alipita na karai lake, akaona nyuso zao, akaendelea.

Kondo aliona miche ya iliki, safu kwa safu, ile aliyoipanda mwaka aliooa. Aliona mwanawe akiishika mmoja mmoja asianguke. Alikuwa amekwisha kumwambia mtoto yule, ingawa hakuwa na umri wa kuelewa: yote haya, baba, ni yako.

"Karatasi atasaini," shangazi alisema, akimwambia Rahel kana kwamba Kondo hayupo. "Ana mkono mwepesi wa kusaini. Hata ile nyingine alisaini. Mimi sitaki karatasi peke yake." Akamgeukia. "Sisi ndio tutakaosimama pale sasa, mimi mzee na huyu binti yangu. Watatutisha. Halidi atapita nyumba kwa nyumba. Geofrey ataleta sukari. Wewe una maneno, unajua kusema. Ukiwa nyuma yetu, tutasimama. Ukiwa pembeni ukinuna, wataingilia hapo hapo. Kwa hiyo nataka kusikia. Na usiniambie mimi, mimi ni wa kuondoka duniani. Mwambie Raya."

"Mama, mwache," Raya alisema taratibu. "Amechoka."

"Hata chemchemi imechoka."

Kondo alimgeukia binamu yake. Kila siku walikuwa wakitazamana kwa mzaha. Alikuwa hajawahi kumtazama hivi, na Raya mwenyewe alishindwa kupata la kutania. Maneno makubwa aliyoyazoea, yale ya mihuri na haki na jasho, yalikuja yote kwa pamoja, akayaacha yapite. Yaliyobaki yalikuwa machache.

"Raya binti Mwanahawa," alisema, na sauti yake ilisikika hadi kwa walinzi getini. "Shamba la Kisegese ni lako. Nakuahidi, mbele ya mama yako na mbele ya wakili, nitakisaini kiapo sasa hivi, na kila siku ya kesi nitakuwa nyuma yako, wala sitasema neno ambalo hujanituma. Na tukishinda, na nikifa, mwanangu hatadai kwako hata mgomba mmoja. Nitamfundisha mwenyewe."